Amri ya matunzo imenishinda

Shangazi,

Nauza nguo za jumla Kikuubo, Kampala. Mke wangu alifungua kesi ya talaka mwaka jana, iko mahakama ya Makindye na bado haijasikilizwa. Mahakama imeamuru nimpe shilingi 1,500,000 kila mwezi, yeye na watoto wetu watatu, hadi kesi iishe. Kiasi hicho kilipigiwa hesabu ya maduka mawili, na moja nimeshalifunga. Miezi miwili sijalipa. Rafiki zangu wanasema nikikata rufaa amri inasimama, na nikilipa karo mwenyewe benki nitakuwa nimetimiza. Mmoja ananishauri niliandikishe duka kwa jina la kaka yangu. Nifanyeje?

Baba wa Watatu, Ndeeba

Baba wa Watatu,

Hilo la kaka yako liache leo. Mahakama ikigundua umeficha mali, hata hesabu zako za kweli hazitaaminiwa tena.

Kuhusu rufaa, umepotoshwa. Amri ya muda kama hii kwa kawaida huombewa ruhusa ya rufaa kwanza, na rufaa yenyewe haisimamishi malipo. Lazima uombe utekelezaji usitishwe, uonyeshe kwamba utapata hasara kubwa, hukukawia kuomba, na uko tayari kuweka dhamana. Ukikaa kimya deni linapanda, na mama watoto anaweza kuomba ukamatwe. Mtu hutoka jela ya wadaiwa akakuta deni liko palepale.

Njia ya karibu ni kurudi mahakama hiyohiyo uombe kiasi kibadilishwe, na hapo una hoja. Sheria ya Talaka ya Uganda ya 1904, ambayo ingali inatumika, inasema matunzo ya mke kesi ikiendelea yasizidi sehemu moja ya tano ya wastani wa pato halisi la mume kwa miaka mitatu kabla ya amri. Tuseme wastani wako ni milioni tatu kwa mwezi: fungu la mkeo halivuki 600,000. Lakini watoto hawamo katika kikomo hicho. Sheria ya Watoto inatazama chakula, mavazi, makazi, matibabu na shule, pamoja na uwezo wa wazazi wote wawili. Kama mkeo ana kipato, nacho kitazamwe.

Basi ombi la kwanza liwe amri igawanywe: kiasi gani cha mke, kiasi gani cha watoto. Viwango hivyo viwili vikiwa vimefungwa pamoja, hakuna awezaye kujua kama kikomo kimevukwa. Ujue pia kwamba miaka mitatu hiyo inabeba siku ulizokuwa na maduka mawili. Kufunga moja juzi kutapunguza wastani huo, hakutaufuta.

Peleka kiapo chenye vielelezo: ritani za kodi za URA za miaka mitatu, taarifa za benki na za pesa za simu, barua ya kumrudishia mwenye nyumba duka. Wapo wafanyabiashara wenye daftari mbili, moja ya URA na moja ya chini ya kaunta. Wewe utaapa, kwa hiyo sema pato lako lilivyo.

Karo uliyolipa benki haihesabiki mpaka amri iseme hivyo. Tunza risiti, omba itambuliwe, usijikatie mwenyewe.

Nalo hili linaniuma: barua nzima ni maduka, rafiki na kaka, na watoto umewataja mara moja, tena katikati ya hesabu. Wao wanakula wakati nyinyi mnabishana. Wiki hii tuma unachoweza, kwa simu, kwenda namba ya mama yao, ili rekodi ibaki. Usimpe mtoto noti mkononi. Deni lililobaki liombee kulipwa kwa awamu.

Kama wakili amekushinda bei, nenda kituo cha msaada wa kisheria cha Law Development Centre, Makerere, uulize kama unastahili. Ukiwa na wakili, mwagize amwandikie wakili wa mkeo kabla ya tarehe ya kusikilizwa. Mkikubaliana kiasi, wekeni sahihi, mahakama iyasajili makubaliano hayo, na yatachukua nafasi ya amri ya sasa.

Shangazi