Karanga za Kongwa

Kongwa iko katika nchi ya Wagogo, mashariki ya Dodoma. Baada ya Vita Kuu ya Pili watu wa Uingereza walipungukiwa sana na mafuta ya kupikia. Basi serikali yao ikakata shauri kulima karanga katika Afrika, hasa Tanganyika, ekari zaidi ya 3,000,000 kwa miaka sita. Kazi ilianza Kongwa mwaka wa 1947, na shabaha ya mwaka wa kwanza ilikuwa ekari 150,000.

Lakini pori lile si la kuchezewa. Matrekta, mengi yao makuukuu yaliyonunuliwa katika mabaki ya vita huko Ufilipino, yaliangusha vichaka. Mizizi ikabaki chini, ikavunja majembe. Katika mibuyu mlikuwa na nyuki, nao hawakuogopa chuma. Hata vifaru vya vita viligeuzwa kuwa matrekta. Mwaka ukaisha, na ekari zilizofyekwa hazikufika 10,000.

Kisha udongo wenyewe ukakataa. Una mfinyanzi mwingi. Mvua ikikatika hukauka ukawa mgumu kama sakafu, na karanga, ambayo huzaa chini ya ardhi, haing'oki. Tena mvua ya Ugogo ni chache, wala haina ahadi. Wagogo walikuwa wakiyajua hayo tangu zamani. Ndiyo sababu walipanda uwele na mtama, wakafuga ng'ombe.

Januari 1951 mpango ulikomeshwa, na pauni 36,000,000 zimekwisha potea. Sehemu ya nchi iliyofyekwa ikafanywa malisho, na hata leo ng'ombe hulishwa huko.