Mafuta Huzuia Mvua, Hayazuii Mchwa: Jinsi ya Kutunza Mbao za Nje

Katika Nyaramba na vijiji vinavyoizunguka, mbao nyingi zinazokaa nje ni za saipresi au paini. Ndizo zinazotengeneza malango, viti vya barazani, vibanda vya biashara na mabanda ya ng'ombe. Miti hii hukua haraka na mbao zake hupigika misumari bila taabu. Hata hivyo, ni mbao laini zinazonyonya maji, na katika nyanda hizi za mvua nyingi huoza mapema zisipotunzwa.

Kinachoozesha mbao ni kuvu, na kuvu huhitaji maji. Mbao yenye unyevu chini ya asilimia 20 haiozi. Kazi ya mafuta, basi, ni kupunguza maji yanayoingia.

Mafuta yanayofaa

Mafuta ya kitani, yanayouzwa katika maduka ya rangi, huingia ndani ya mbao na kukauka humo. Yaliyochemshwa hukauka kwa siku moja au mbili hali ya hewa ikiwa nzuri. Mabichi huchukua muda mrefu zaidi. Mafuta ya kupikia hayafai kwa sababu mengi hayakauki.

Wakazi wengi hupaka oili chafu ya magari kwa kuwa ni rahisi kupatikana. Oili hiyo hubeba madini yenye sumu kutoka kwenye injini. Ikipakwa kwenye banda, ng'ombe huilamba. Mvua nayo huiosha hadi kwenye shamba na mito inayoelekea Ziwa Victoria. Wakazi wanashauriwa kuiacha.

Hatua za kupaka

1. Subiri kiangazi. Mbao iliyopakwa ikiwa mbichi hufungia maji ndani.
2. Ondoa uchafu na ukungu, kisha piga msasa.
3. Changanya mafuta na tapentaini kwa kiasi sawa kwa mkono wa kwanza, ili yazame.
4. Loweka vyema ncha za mbao. Hapo ndipo maji huingia kwa wingi.
5. Baada ya dakika 15 hadi 20, futa mafuta yaliyobaki juu, la sivyo mbao itanata.
6. Ikikauka, paka mkono wa pili na wa tatu bila tapentaini.

Kujua kama wakati wa kupaka tena umefika, nyunyizia mbao maji. Yakisimama kama matone, bado ina kinga. Yakinywewa, rudia.

Hatari ya moto

Mafuta ya kitani hutoa joto yanapokauka. Matambara yaliyolowa mafuta hayo yakirundikwa pamoja yanaweza kuwaka yenyewe, bila kiberiti, saa kadhaa baada ya fundi kuondoka. Yasitupwe jikoni wala kwenye ghala. Yatandaze nje moja moja mpaka yakauke kabisa, au yatumbukize kwenye mkebe wa bati wenye maji na kifuniko.

Nguzo zinazogusa udongo

Mafuta yaliyopakwa kwa brashi hayatoshi kulinda nguzo iliyochimbiwa ardhini. Hapo kuna unyevu wa kudumu na mchwa. Kwa ua, tumia nguzo zilizotiwa dawa kiwandani kwa shinikizo, kama zile za umeme. Kwa kibanda au banda, simamisha nguzo juu ya msingi wa simiti ili mbao isiguse udongo. Paa lililochomoza vizuri nalo huzuia mvua nyingi.

Vipande vya nguzo za kiwandani visiwe kuni. Dawa inayotumika sana kuzitibu ina aseniki, na moshi na majivu yake ni sumu kwa familia.

Mti wa saipresi huchukua miaka mingi kukomaa. Siku mbili za kazi wakati wa kiangazi zinaweza kumwondolea mkazi gharama ya kununua mbao nyingine mapema.