Kuchora Wimbo kwa Chumvi na Kopo

Kwaya za Eldoret zimejaa waimbaji wanaosoma solfa, na hilo linampa mwalimu wa sanaa mwanzo mzuri. Tayari ana watu wanaoweza kushika noti moja na kuituliza bila kuyumba. Kinachobaki ni chombo cha kuifanya noti hiyo ionekane. Kijenge kwa mikono yako, usikimbilie programu ya simu inayorusha mistari ya rangi muziki unapolia. Rangi hizo zilichaguliwa na aliyetengeneza programu. Chumvi inayorukaruka mbele ya mwimbaji inasukumwa na sauti yake mwenyewe.

Chombo ninachokipendekeza ni cha ukoo wa eidofoni, kifaa cha Margaret Watts Hughes, mwimbaji wa Wales, aliyeanza kukitumia mwaka 1885. Alivuta mpira mwembamba juu ya mdomo wa chombo, akanyunyiza mchanga au vumbi juu yake, kisha akaimba kupitia bomba lililoingilia chini. Hakihitaji umeme, na vifaa vyake vyote utavipata mjini.

Chukua kopo la plastiki la mafuta ya kupikia la kilo moja, ulioshe hadi utelezi uishe. Karibu na kitako, ubavuni, chora duara la bomba la maji na ulikate kwa kisu kilichopashwa moto. Kazi hii aifanye mtu mzima. Ingiza kipande kifupi cha bomba chenye kona, mdomo wake uelekee juu, kisha ziba pengo lote kwa gundi ya silikoni. Upepo ukivuja hapo, sauti itakwisha nguvu kabla ya kufika juu. Sasa kata shingo ya puto kubwa jeusi, ulivute juu ya mdomo wa kopo na ulifunge kwa ukanda uliokatwa kutoka tyubu ya baiskeli.

Usiharakishe kwenye kuvuta puto, kwa maana hapo ndipo kazi nyingi huharibikia. Gonga kwa kidole ukizunguka ukingo, kama mpiga ngoma anayekagua ngozi. Pakilia chini kuliko kwingine, vuta upande huo. Puto lililolegea upande mmoja hutoa umbo lililopinda, na mwanafunzi atadhani sauti yake ndiyo mbovu.

Kwa kuwa tuko katika nchi ya mahindi na ngano, mkono wa kwanza huenda kwenye unga. Uache. Michael Faraday alieleza mwaka 1831 kwamba vumbi jepesi hubebwa na mikondo midogo ya hewa na kurundikana pale panapotetemeka zaidi, ilhali punje nzito hutupwa hadi kwenye mistari iliyotulia. Tumia chumvi laini ya mezani, au mchanga wa mto uliooshwa, ukakauka na kupitishwa kwenye chujio la chai. Msimu wa mvua chumvi hunyonya unyevu na kugandamana, hivyo ipashe kwenye sufuria juu ya moto mdogo, uiache ipoe, kisha uinyunyize kwa uchache sana. Fanya kazi asubuhi, kabla mvua ya alasiri haijaanza kupiga mabati.

Mwimbaji aweke midomo karibu na bomba na aimbe "uuu" kwa noti ya chini, apande polepole. Asipulize, aimbe. Noti ya chini kabisa inayoliamsha puto husukuma chumvi ukingoni na kuacha katikati peupe. Akipanda, utauona mstari mmoja ukikata duara katikati, kisha misalaba, kisha duara ndani ya duara. Kwa hesabu ya ngozi iliyovutwa sawasawa, mstari wa kwanza huja mtetemo ukifika mara 1.59 ya ule wa mwanzo, na msalaba mara 2.14, ingawa hewa iliyo ndani ya kopo huzisogeza namba hizi kidogo. Kati ya maumbo chumvi huhangaika tu. Mwimbaji ashuke au apande nusu noti, mpaka ijipange.

Hapa nataka mwalimu awe mkweli kwa watoto. Umbo si picha ya roho ya mtu wala si tiba. Ni mali ya sauti na chombo kwa pamoja: noti ileile kwenye kopo pana zaidi itachora kitu kingine. Ndiyo maana kwaya nzima itumie kopo moja, puto moja na kiasi kilekile cha chumvi. Ukitaka kulinganisha, mwombe fundi wa jua kali akukatie bati la chuma la mraba, unene milimita 1, na kulitoboa katikati ulifunge kwa bolti juu ya gogo. Ukilisugua ukingoni kwa upinde wa fidla, utakuwa unafuata njia aliyoichapisha Ernst Chladni mwaka 1787. Hesabu ya mabati hayo ilikuwa ngumu kiasi kwamba chuo cha sayansi cha Paris kilitangaza tuzo kwa atakayeifafanua, na Sophie Germain akaipata mwaka 1816.

Ili kuhifadhi umbo, lipige picha kwanza kutoka juu kabisa. Kisha paka gundi nyembamba kwenye karatasi nyeusi ya manila, uishushe taratibu bila kukandamiza, uinue. Chumvi itashika, picha ikiwa imegeuka kushoto kulia. Andika noti na silabi nyuma yake, kisha tundika karatasi ukutani kwa mfuatano wa wimbo, do kwa do, so kwa so, ili anayepita aone pale wimbo unaporudia njia yake.

Puto hulegea likikaa. Kila unapoanza upya, imbeni kwanza noti ya karatasi ya kwanza. Umbo likiwa tofauti, vuta puto tena au libadilishe kabla ya kuendelea.