Jini wa Sigiri: Vidokezo kwa Wanaoandaa Kichekesho Nsambya

1. Achana na taa. Ya Aladini ina wenyewe: Hanna Diyab wa Aleppo alimsimulia Antoine Galland hekaya hiyo mjini Paris mwaka 1709, na tangu hapo imechezwa mpaka ikachakaa. Wewe chukua sigiri. Aladini alisugua, mpangaji wa Nsambya hupepea, hubembeleza, hatimaye hutukana. Moshi ushapatikana bila gharama.

2. Jini aongee Kiswahili. Utamu wote uko hapa. Uganda, wengi walikizoea Kiswahili vinywani mwa wanajeshi na polisi, na Nsambya ina kambi ya polisi. Basi jini akitokeza tu na "Hamjambo! Semeni haja zenu," majirani wafunge milango, muuza rolex aache chapati ikiungua, kijana wa boda aanze kupapasa mifuko akitafuta leseni. Jini abaki peke yake uani: "Jamani, mimi ni jini tu!" Julai 2022 Baraza la Mawaziri liliidhinisha Kiswahili kiwe lugha rasmi, ila taarifa haijafika kwenye ua huu.

3. Maombi matatu, basi. La nne ni hotuba.

4. Jini asiwe mkorofi. Awe mtiifu kupita kiasi. Mama mpangaji anaomba: "Mwenye nyumba asinigongee tena mlango." "Sawa, nyabo." Kesho yake mwenye nyumba hagongi ng'o. Kaja na fundi, wanaung'oa mlango. Mama kasimama na mwiko mkononi, matooke yanatokota nyuma yake, naye mwenye nyumba anachungulia kwa adabu: "Kodi ya miezi miwili, nyabo. Sijagonga." Hapo mwigizaji asiseme neno. Ahesabu moyoni mpaka tano.

5. Ombi la mwisho lisiwe fedha, kila mtu ashaziomba. Mama aombe gunia la mkaa mkavu. Jini ajikune kichwa: "Kasri nitakujengea hata leo. Lakini mkaa mkavu, Aprili hii, na mvua hizi?" Arudi zake sigirini, aibu imemjaa.

6. Mkaa wa jukwaani usiuwashe kweli. Hewa yake ya sumu haina harufu, na katika ukumbi uliofungwa huua watu. Weka tochi chini, karatasi nyekundu juu, kisha mwambie mama apepee kwa bidii.