Uso wa Mwanamke Mzee Mbele ya Kamera: Mambo ya Kufanya na Kutofanya

Haya namwandikia mwongozaji wa filamu za majaribio anayetaka kumpiga picha mwanamke aliyekula chumvi nyingi.

Usianze na makunyanzi. Kamera inayokimbilia ngozi kabla ya macho imeshamhukumu mtu.

Mpe nafasi ya kufanya jambo. Margaret Tait alipompiga picha mama yake visiwani Orkney, Scotland, katika Portrait of Ga (1952), alimwacha avute sigara, atembee, afungue pipi. Vidole vinahangaika na karatasi ya pipi, na kamera haiharakishi. Filamu ni ya dakika chache tu, lakini ukitoka hapo umemjua mtu mwenye subira na ukaidi wake.

Usimmulike kwa taa ya ubavuni ili kila mkunjo utupe kivuli. Usiifute mikunjo pia. Yote mawili ni uongo.

Anza na mwili wako. Agnès Varda alikuwa amepita miaka 70 alipotoa filamu ya Les glaneurs et la glaneuse nchini Ufaransa mwaka 2000. Kwa kamera ndogo ya dijitali, mkono mmoja uliurekodi mwenzake, ngozi na madoa yake. Akazionyesha na mvi zake. Hakuficha kwamba alishtuka. Hofu ilikuwa yake, akaibeba mwenyewe. Hakumtwisha mwanamke mwingine. Kama huwezi hilo, iache mada hii.

Usisogee karibu bila haki ya kusogea. Katika Katatsumori (1994), mkono wa mwongozaji Naomi Kawase unaufikia uso wa mwanamke mzee aliyemlea. Wewe uliyefika jana kijijini, kaa mbali kwanza.

Usimgeuze ishara ya mauti, ya taifa wala ya hekima za kale. Ana wivu, ana madeni, ana mtu aliyempenda. Muulize.

Usikate anaponyamaza, wala usijaze ukimya kwa zeze. Chantal Akerman, katika No Home Movie (2015), alimrekodi mama yake, aliyenusurika kambi ya mauaji ya Auschwitz, akiwa nyumbani kwake Brussels: jikoni, na kwenye skrini ya kompyuta wakipigiana simu. Mazungumzo ya kawaida yanaachwa yachukue muda wake.

Mwonyeshe kazi kabla ya watu wengine. Akisema ondoa, ondoa. Na kama ameridhia kutajwa, jina lake liandikwe kamili mwishoni, si “bibi wa kijijini”.