Muhogo na Maharage Kwenye Karatasi ya Miraba

Vijana wetu wa sekondari hufundishwa hesabu ya grafu ambayo wengi hudhani mwisho wake ni mtihani. Kumbe miongoni mwa maswali ya kwanza iliyojaribiwa nayo ni la jikoni. Mwaka 1945 mchumi Mmarekani George Stigler alitafuta chakula cha bei ndogo kabisa kinachomtosha mtu mzima. Katika vyakula 77 alibakiwa na unga wa ngano, maziwa ya kopo, kabichi, spinachi na maharage, kwa dola 39.93 kwa mwaka, bei za 1939. Mwaka 1947 George Dantzig alipata njia kamili ya kukokotoa. Makarani tisa wakaifanya kwa mashine za mkono, wakapata dola 39.69.

Sisi tutumie vyakula viwili tu: unga wa muhogo na maharage makavu. Kipimo kimoja kiwe gramu 100. Kila kipimo, cha muhogo au cha maharage, kina kalori kama 340. Tofauti kubwa iko kwenye protini: muhogo una gramu kama 2, maharage kama 22.

Chukueni karatasi ya miraba. Muhogo tuuhesabu kwenye mstari wa chini, maharage kwenye mstari wa kusimama. Kila nukta ni sahani moja ya siku nzima. Mtu mzima wa kilo kama 62 anahitaji kalori zipatazo 2,040, yaani vipimo 6 kwa jumla. Tuunganishe 6 ya chini na 6 ya juu; sahani zilizo chini ya mstari huo zinaacha njaa. Anahitaji pia protini gramu 52. Mstari wa protini unaanzia juu kidogo ya 2 kwenye maharage na kushuka polepole hadi 26 kwenye muhogo. Ndiyo, vipimo 26! Nani atamaliza kilo mbili na nusu za unga kwa siku? Kwa hiyo tuweke mstari wa tatu, wa tumbo: jumla isizidi vipimo 8.

Eneo lililobaki katikati ya mistari hiyo ndilo eneo linalokubalika. Nukta yoyote ndani yake, hata pembeni kabisa, ni jawabu linalowezekana, kwa sababu inatimiza masharti yote kwa pamoja. Hapo ndipo wengi huteleza. Sahani ya muhogo vipimo 6 bila maharage inashibisha, lakini protini yake ni gramu 12 tu. Tumbo limejaa, mwili una njaa. Kwa watoto wadogo, ambao vipimo vyao ni tofauti, mlo wa namna hiyo ni hatari.

Kuwezekana si sawa na kuwa nafuu. Tuseme kipimo cha muhogo ni shilingi 100 na cha maharage 300. Maharage matupu vipimo 6 yanakubalika, ila ni shilingi 1,800. Jawabu la bei ndogo hukaa kwenye kona ya eneo, na hapa ni muhogo 4 na maharage 2: shilingi 1,000. (Grafu haijui sumu ya muhogo mchungu, kuloweka na kukausha vizuri kunabaki palepale. Wala haijui mboga za majani, nazo zinahitajika.)

Sasa mama mwenye shilingi 900. Tukichora mstari wa fedha zake, unapita chini ya eneo lote bila kuligusa. Hakuna sahani hata moja. Kumwambia ajifunze kupanga mlo ni kumwonea, maana kwa bei hizo hakuna cha kupanga. Eneo lake litafunguka maharage yakishuka hadi shilingi 250, au akipata kunde alizopanda mwenyewe nyuma ya nyumba.