Somo kwa wananchi: gharama halisi ya mkopo wa nyumba

Nyumba ni amana ya familia, na kwa watu wengi ndiyo mali kubwa kuliko zote watakayoipata katika maisha yao. Kwa sababu hiyo, mkataba wa kukopa fedha za kununulia au kujengea nyumba ndio mkataba mzito kuliko yote ambayo mwananchi wa kawaida hutia saini. Hata hivyo, aghalabu mkopaji huuliza suala moja tu kabla ya kutia saini: nitakatwa kiasi gani kwa mwezi? Suala hilo ni la lazima, lakini halitoshi. Somo hili linaeleza namna ya kuipima gharama ya mkopo wa nyumba tangu siku ya kwanza hadi rejesho la mwisho, ili kila familia iamue kwa ujuzi na si kwa kukisia.

Mikopo ya nyumba ilipotokea

Kwa miaka mingi wananchi wa Unguja na Pemba wamejenga nyumba zao kidogo kidogo: mwaka huu msingi, mwaka unaofuata kuta, na baadaye mapaa. Katika Tanzania kwa jumla, Benki ya Nyumba ndiyo iliyokuwa ikitoa mikopo ya muda mrefu, mpaka ilipofungwa katika mwaka 1995. Baada ya hapo mwananchi aliyetaka mkopo wa nyumba alikuwa na milango michache sana ya kubisha. Kwa upande wa Tanzania Bara, sheria maalumu ya mikopo ya nyumba ilipitishwa mwaka 2008, na mwaka 2010 ikaanzishwa kampuni ya TMRC, ambayo kazi yake ni kuzipatia benki fedha za muda mrefu ili nazo ziweze kuwakopesha wananchi kwa miaka mingi. Tangu hapo mikopo ya miaka 10, 15 na 20 imekuwa jambo la kawaida kuliko zamani, na ndiyo maana elimu yake inahitajika zaidi.

Maana ya rehani

Mkopo wa nyumba ni mkopo wenye rehani. Mkopaji huishi ndani ya nyumba, lakini hati yake huwa imefungwa kwa benki mpaka deni limalizike. Akishindwa kulipa, benki ina haki ya kuiuza nyumba kwa kufuata sheria ili ijilipe. Ikiwa bei itakayopatikana haitoshi kulipa deni, mkopaji anaweza kuikosa nyumba na bado akadaiwa.

Ni vyema ikumbukwe kwamba katika Zanzibar ardhi ni mali ya umma, na mwananchi hupewa haki ya kuitumia kwa mujibu wa Sheria namba 12 ya mwaka 1992. Hivyo benki huangalia hati ya haki hiyo pamoja na nyumba iliyojengwa juu yake. Nyumba ya wakfu haiwekwi rehani wala haiuzwi. Nyumba ya urithi ambayo haijagawiwa ni ya warithi wote, na mmoja wao hana uwezo wa kuifunga kwa deni lake peke yake. Familia nyingi zimeingia katika ugomvi kwa kulisahau jambo hili.

Mfano wa hesabu

Tuchukue mfano wa mume na mke, wote wawili watumishi, wanaotaka kununua nyumba ya shilingi 75,000,000. Wanazo akiba za shilingi 15,000,000, na wanakopa shilingi 60,000,000 zilizobaki. Riba ni asilimia 15 kwa mwaka, inayokokotolewa kila mwezi juu ya deni lililobaki. Muda ni miaka 20.

Rejesho lao litakuwa shilingi 790,074 kila mwezi. Likizidishwa kwa miezi 240, jumla ni shilingi 189,617,760. Katika fedha hizo, shilingi 60,000,000 ni deni lenyewe na shilingi 129,617,760 ni riba. Tukiongeza akiba waliyotanguliza, nyumba ya shilingi 75,000,000 itakuwa imewagharimu shilingi 204,617,760. Kwa maneno mengine, kila shilingi milioni moja iliyokopwa kwa masharti hayo hurejeshwa kwa zaidi ya shilingi milioni tatu.

Fedha za miaka ya mwanzo huenda wapi

Jambo linalowashangaza wakopaji wengi ni upole wa deni kupungua. Sababu yake si ya siri. Katika mwezi wa kwanza deni ni shilingi 60,000,000, na riba ya mwezi huo ni shilingi 750,000. Mkopaji anapolipa shilingi 790,074, benki huchukua kwanza riba yake, na shilingi 40,074 tu ndizo zinazopunguza deni. Mwezi wa pili deni limepungua kidogo, riba nayo hupungua kidogo, na sehemu inayokwenda kwenye deni huongezeka kidogo. Mwendo huu huanza taratibu mno, kisha hushika kasi katika miaka ya mwisho.

Matokeo yake katika mfano wetu ni haya:

(a) Baada ya mwaka 1, familia imelipa shilingi 9,480,888, na deni limepungua kwa takriban shilingi 515,000 tu.

(b) Baada ya miaka 5, imelipa shilingi 47,404,440, na bado inadaiwa takriban shilingi 56,450,000.

(c) Baada ya miaka 10, ambayo ni nusu ya muda, imelipa shilingi 94,808,880, na bado inadaiwa karibu shilingi 48,970,000.

(d) Nusu ya deni haimaliziki mpaka umepita mwaka wa 15 na miezi minane.

Hesabu hizi zina maana kubwa kwa mtu anayeweza kuhamishwa kikazi. Mtumishi wa Unguja anayepelekwa Pemba baada ya miaka 5, akaamua kuiuza nyumba, ataona kwamba sehemu kubwa ya bei inakwenda kumaliza deni. Mtu wa namna hiyo hana budi kufikiri mara mbili kabla ya kuchukua mkopo mrefu.

Urefu wa muda

Muda mrefu hupunguza rejesho la mwezi, lakini huongeza jumla. Kwa mkopo ule ule wa shilingi 60,000,000 na riba ile ile ya asilimia 15, hali ni kama ifuatavyo:

Miaka 20: rejesho shilingi 790,074; jumla shilingi 189,617,760.
Miaka 15: rejesho shilingi 839,752, jumla shilingi 151,155,360.
Miaka 10: rejesho shilingi 968,010, jumla shilingi 116,161,200.

Tofauti ya rejesho baina ya miaka 20 na miaka 15 ni shilingi 49,678 kwa mwezi. Tofauti ya jumla ni shilingi 38,462,400. Familia inayoweza kujinyima kiasi hicho kidogo kila mwezi huokoa fedha zinazozidi nusu ya mkopo wenyewe. Aidha, mtu aliyekwisha kuchukua mkopo wa miaka 20 anaweza kupata faida hiyo hiyo kwa kulipa ziada kila mwezi, almuradi mkataba unamruhusu na ziada hiyo inaelekezwa kupunguza deni. Shilingi ya ziada inayolipwa mwaka wa kwanza ina nguvu kuliko ile inayolipwa mwaka wa 18, kwa kuwa huzuia riba ya miaka yote iliyobaki.

Umri nao uangaliwe. Mtumishi wa serikali mwenye miaka 45 anayechukua mkopo wa miaka 20 atafika umri wa kustaafu, yaani miaka 60, akiwa bado na miaka 5 ya kulipa. Kiinua mgongo kilichokusudiwa kumtunza uzeeni kitamezwa na deni.

Namna mbili za kutaja riba

Wananchi wanatahadharishwa wasilinganishe asilimia bila ya kuuliza namna inavyokokotolewa. Ipo riba inayohesabiwa juu ya deni linalopungua, kama katika mfano wetu. Ipo pia riba inayohesabiwa juu ya mkopo wote wa mwanzo kwa kila mwaka, hata kama sehemu yake imekwisha kulipwa. Mkopo wa shilingi 60,000,000 wa miaka 10 kwa asilimia 9 ya namna hii ya pili huzaa riba ya shilingi 54,000,000, na rejesho lake ni shilingi 950,000 kwa mwezi. Linganisha na mkopo wa miaka 10 kwa asilimia 15 ya deni linalopungua, ambao rejesho lake ni shilingi 968,010. Asilimia 9 na asilimia 15 zinasikika mbali mbali, kumbe mizigo yake inakaribiana.

Suala la pili ni kama riba inaweza kubadilika. Mikataba mingi huipa benki uwezo wa kuipandisha. Katika mfano wetu, riba ikiwa asilimia 17 badala ya 15, rejesho la miaka 20 huwa shilingi 880,080, yaani nyongeza ya zaidi ya shilingi 90,000 kila mwezi. Familia iliyojipimia bila ya kubakisha nafasi yoyote inaweza kuzidiwa kwa nyongeza hiyo tu.

Gharama zisizotajwa katika rejesho

Mbali na deni na riba, mkopaji hulipia uthamini wa nyumba, ada ya benki ya kuushughulikia mkopo, ushuru wa stempu, wakili, usajili wa rehani, bima ya nyumba na mara nyingi bima ya maisha ya mkopaji. Bima hulipwa kila mwaka na si mara moja. Kisha yapo matunzo. Katika visiwa vyetu hewa ya chumvi hula mabati na nondo, na mvua za masika huvitafuta vipenyo vyote vya paa. Mwenye kupanga humwita mwenye nyumba. Mwenye mkopo hujiita mwenyewe.

Upande wa pili wa mizani

Haki inataka upande wa pili nao uelezwe. Shilingi ya kesho si sawa na shilingi ya leo. Bei zikipanda kwa asilimia 5 kila mwaka, shilingi itakayolipwa mwaka wa 20 itakuwa na uwezo wa kununua unaokaribia senti 38 za leo. Kwa hiyo marejesho ya mwisho huwa mepesi kuliko yanavyoonekana katika karatasi, hasa ikiwa mshahara unapanda. Pia anayekopa huacha kulipa kodi ya nyumba ya kupanga, na huingia katika nyumba yake mapema. Anayejenga kidogo kidogo hana riba, lakini hulipa kodi ya kupanga kwa miaka yote ya ujenzi, na saruji huweza kupanda bei kila anaporudi dukani. Kila njia ina gharama yake, na familia hupaswa kuzihesabu zote mbili.

Njia ya tatu ni ile ya katikati: kujiwekea akiba kwanza, kisha kukopa kidogo. Kwa masharti ya mfano wetu, kila shilingi milioni moja isiyokopwa ni zaidi ya shilingi milioni tatu zisizolipwa.

Mikataba isiyo na riba

Wananchi wengi wa Zanzibar hujiepusha na riba, na zipo benki zinazotoa huduma kwa misingi ya Kiislamu. Katika murabaha, benki huinunua nyumba na kumuuzia mteja kwa bei ya juu iliyokubaliwa tangu mwanzo, naye hulipa kwa mafungu. Bei hiyo haipandi baadaye. Katika musharaka yenye kupungua, benki na mteja humiliki nyumba kwa pamoja. Mteja hununua fungu la benki kidogo kidogo na kulipa kodi kwa sehemu ambayo bado si yake. Mikataba hii ni tofauti na mkopo wa riba kwa msingi wake, lakini somo la hesabu halibadiliki: ni lazima kuijua jumla itakayolipwa. Kwa murabaha, iulizwe kama atakayelipa kabla ya wakati atasamehewa sehemu ya faida, kwani msamaha huo si lazima kwa benki isipokuwa umekubaliwa.

Masuala ya kuuliza kabla ya kutia saini

1. Jumla ya fedha zote zitakazolipwa hadi mwisho ni kiasi gani?
2. Riba inahesabiwa juu ya deni lililobaki au juu ya mkopo wote wa mwanzo?
3. Riba inaweza kubadilika, na kwa taarifa ya muda gani?
4. Kulipa ziada au kumaliza mapema kuna adhabu?
5. Ada na bima zote ni kiasi gani, na zipi hulipwa kila mwaka?
6. Rejesho likichelewa, hufuata hatua gani, na baada ya miezi mingapi?
7. Mkopaji akifariki, deni linalipwa na bima au na warithi?

Benki ipewe ombi la kutoa jadweli ya marejesho yote, mwezi kwa mwezi, ikionesha riba, deni lililolipwa na deni lililobaki. Jadweli hiyo isomwe nyumbani na wahusika wote wa familia, na mkataba usomwe kwa lugha wanayoifahamu. Asiyefahamu kifungu chochote amuulize wakili kabla ya kutia saini, kwani baada ya saini nafasi ya kubadilisha masharti huwa ndogo.

Mkopo wa nyumba umewapa watu wengi makaazi bora, na umewapotezea wengine walichokuwa nacho. Mara nyingi aliyejua hesabu yote mapema ndiye aliyeweza kuchagua muda, kiasi na wakati uliomfaa. Haba na haba hujaza kibaba, na riba nayo hujaza vibaba vyake kwa mwendo huo huo. Ni juu ya kila familia kuvihesabu kabla ya kuanza kuvijaza.